Mshono Uliovutwa na Wengi

Kila asubuhi Fundi aliisogeza cherehani yake dirishani, mahali penye mwanga. Alikuwa mshonaji wa nguo, na mtaa mzima walimwita hivyo tu, Fundi, hata watoto wadogo. Alishona sare za shule na mapazia. Alipunguza suruali za waliokonda na kuongeza za walionenepa. Cherehani yake ilikuwa ya kukanyaga kwa miguu, na ilipoanza kulia majirani walijua kumekucha.

Kando yake alikaa mama mkwe wake. Kazi ya mama huyo ilikuwa kuvuta. Ndiyo, kuvuta. Kila nguo iliyotoka mashineni iliwekwa mapajani mwake. Aliushika mshono kwa mikono miwili, akakaza meno, akavuta kama mtu anayegombania nguo ya mwisho sokoni. Mshono ukikatika, nguo ilirudi mashineni. Ukivumilia, nguo ilipigwa pasi ikaenda kwa mwenyewe.

Zamani Fundi alivuta mishono yake mwenyewe. Akaona haifai, kwa sababu mkono wake uliihurumia kazi yake. Mama mkwe hakuwa na huruma hiyo hata chembe. Mshono ukipasuka alicheka mpaka machozi yakamtoka, na Fundi alinuna kidogo, kisha akashona upya. Ndiyo maana sare za Fundi zilidumu.

Siku hizo kulikuwa na mshono mmoja ambao mama mkwe hakupewa kuuvuta. Ulikuwa ubavuni mwa gauni la Fundi mwenyewe. Kila baada ya siku chache aliufumua, akaachia nafasi kidogo, akaushona tena. Alikuwa mjamzito, mwezi wa tano unaelekea ukingoni, na hakutaka mtu ajue.

Si kwamba alikuwa mchoyo wa furaha. Mimba mbili zilikuwa zimeharibika kabla ya hii. Mara zote mbili alitangaza mapema. Watu walikuja na hongera, kisha walewale wakaja na pole, na pole zile ndizo zilizomvunja. Nguo ndogo alizokuwa ameshona alizikunja moja moja akazifungia kwenye sanduku la bati juu ya kabati. Safari hii aliapa. Mpaka mtoto alie kwa sauti yake, hakuna atakayeambiwa ila mume wake na nesi wa kliniki.

Mume wake walimwita Ngazi, kwa urefu wake. Mlangoni aliinama, na kitandani miguu ilibaki nje. Alikuwa dereva wa kreni, na kampuni yake ilikuwa inajenga daraja mbali sana na nyumbani. Kambini kwao mtandao wa simu ulipatikana mahali pamoja tu, kwenye kibanda cha mtunza stoo. Humo palikuwa na simu moja, simu ya kambi. Ujumbe wa kila mfanyakazi uliingia hapo, na kila mwenye macho aliweza kuuona.

Hapo ndipo alipojitokeza Mjuzi. Alikuwa fundi umeme wa kambi, mtu mchangamfu anayejua kidogo kuhusu kila kitu. Alitengeneza programu ya simu akaiita Kufuli la Mjuzi. Ukiandika ujumbe, programu iliugeuza kuwa alama: nyota, samaki, kikombe, jembe. Mwenzako akiingiza neno lenu la siri, alama ziligeuka maneno tena. Kambi nzima wakaipokea. Ngazi alipokuja likizo aliiweka kwenye simu ya mke wake. Alimweleza kwa fahari kwamba Mjuzi hajamwonyesha mtu yeyote jinsi inavyofanya kazi. Hata meneja aliuliza, akanyimwa jibu.

"Sasa nani ataifungua?" Ngazi alisema. "Haijulikani na mtu."

Maneno hayo yalimtuliza Fundi. Aliona kwamba kisichojulikana na mtu hakiwezi kufunguliwa na mtu. Msomaji, usimcheke. Wengi wetu tungesema vivyo hivyo.

Kwa hiyo alipokuwa na uhakika wa mimba, alimwandikia mume wake kwa alama hizo. Alisema ni mtoto, na safari hii anaogopa hata kufurahi. Ngazi alijibu siku iliyofuata. Alisema na yeye anaogopa, basi wafurahi kimyakimya, wawili tu. Fundi aliusoma ujumbe huo mara nyingi, na kila aliposoma alishika tumbo.

Sasa sikia mambo ya dunia. Asubuhi moja muuza mkaa wa mtaani alileta suruali ya mwanawe ipunguzwe. Aliiweka mezani, akainama, akamshika Fundi bega.

"Hongera, mwenzangu. Mungu akulindie tumbo lako."

Mguu wa Fundi ulisimama juu ya kanyagio. Mama mkwe naye alisimamisha mikono yake juu ya mshono aliokuwa anauvuta. Muuza mkaa aliwatazama wote wawili, akaona ameharibu, akajifanya ameacha chungu motoni, akaondoka.

Mama mkwe hakugomba. Ingekuwa afadhali angegomba. Alisema tu, kwa sauti ya chini, kwamba amepata habari za mjukuu wake kutoka kwa muuza mkaa. Kisha akarudi kwenye mshono wake, lakini siku ile aliuvuta taratibu, kama mtu aliyeishiwa nguvu. Fundi alitaka kumweleza. Badala yake alilia akiwa ameinamia kitambaa, na sindano ikamchoma kidole.

Mchana alimpigia Ngazi kupitia simu ya kambi. Alimwuliza swali moja: umemwambia nani? Ngazi aliapa kwa kila kitu anachokipenda kwamba hakumwambia mtu. Fundi hakumwamini. Ukimwondoa nesi, ambaye kazi yake ni kutunza siri, walikuwa nayo wawili; yeye hakusema, basi ni nani aliyebaki? Akakata simu. Tangu siku hiyo hakumwandikia tena, na ujumbe wa mume wake ulipoingia aliuacha bila kuufungua.

Ngazi alihangaika kambini mpaka akaujua ukweli. Aliyeisoma siri yao alikuwa mpishi wa kambi. Mpishi hakuwa na nia mbaya. Maharage yakiwa jikoni, alikuwa na kawaida ya kukaa kwenye kibanda cha stoo na kuzitazama zile alama kama fumbo la gazetini. Akaona kwamba katika ujumbe wa Ngazi kikombe kimejaa kila mahali. Akajiuliza, katika lugha yetu herufi gani imejaa kila mahali? Ni A. Andika sentensi yoyote uhesabu, utaona. Kisha akaona maneno ya herufi mbili yanayoishia na kikombe: na, ya, wa, za. Akajaza herufi moja, akajaza ya pili, na mwisho akasoma habari ya mtoto. Alifurahi kwa moyo safi kabisa. Akampigia dada yake ampe Fundi hongera, na dada yake ndiye muuza mkaa.

Ngazi alimpigia mke wake amweleze hayo yote. Fundi alisikiliza, akasema amesikia, akakata. Kumwamini mume wake alimwamini sasa, na jambo hilo lilimwondolea mzigo mmoja moyoni. Lakini mzigo mwingine uliongezeka. Kama lile kufuli lisilojulikana na mtu limefunguliwa na mpishi akisubiri maharage, basi kila simu ni mdomo wazi. Alijiapiza kwamba jambo la tumbo lake halitapita tena kwenye simu.

Kiapo hicho ndicho kilichotaka kumponza. Alipokwenda kliniki, nesi alimpima, akaona shinikizo la damu limepanda kidogo. Alichukua damu na mkojo ili vipelekwe hospitali kubwa kupimwa. Alimweleza Fundi kwamba majibu yanaweza kurudi siku yoyote. Yakiwa na tatizo, atamtumia ujumbe kwenye simu aje siku hiyohiyo. Fundi alikataa. Nesi alimsihi, akamwambia kliniki hutumia njia iliyofungwa vizuri. Fundi alijibu kwamba habari za kufungwa vizuri amekwisha kuzisikia, na atakuja mwenyewe tarehe yake ikifika. Tarehe hiyo ilikuwa mwezi unaofuata.

"Mwezi ni mrefu," nesi alisema.

"Midomo ya watu ni mirefu zaidi," Fundi alijibu.

Siku zikapita. Kichwa kilimuuma kila jioni, akadhani ni macho kuchoka. Miguu ilimvimba, akadhani ni kukanyaga cherehani. Mama mkwe aliona. Mara mbili alitaka kusema, akanyamaza, kwa sababu hakuambiwa, na mtu asiyeambiwa huona haya kuuliza. Wakakaa hivyo, watu wawili wanaopendana, katikati yao kuna rundo la sare na kimya.

Jirani wa nyumba ya pili alikuwa mama mmoja mstaafu. Alifundisha hesabu chuoni miaka mingi, na wote walimwita Mwalimu. Alipiga hodi siku moja na mapazia yake mkononi. Fundi alimwamkia shikamoo, akainuka ampokee, akayumba. Mwalimu alimshika mkono, akamketisha, akaitazama miguu yake.

"Mwanangu, miguu hii umeionyesha kliniki?"

Fundi alijaribu kucheka. Kicheko kikageuka kilio. Akamwaga yote hapohapo, kufuli la Mjuzi, mpishi, muuza mkaa, nesi na kiapo chake. Mama mkwe alisikia kila neno akiwa kitini kwake. Kwa mara ya kwanza alijua kwa nini hakuambiwa, kwamba haikuwa dharau, ilikuwa hofu. Alinyanyuka, akaja akakaa karibu na mkwe wake, akaushika mkono wake. Alimwambia mficha uchi hazai, lakini alilisema kwa upole, na Fundi akamlalia begani.

Walipotulia, Mwalimu hakuanza kueleza mambo ya simu. Aliokota suruali ya sare iliyokuwa mezani.

"Fundi, mshono huu ni imara?"

"Bado sijui. Mama hajauvuta."

"Lakini wewe ndiwe uliyeushona. Hujui kazi yako?"

"Najua nilivyoshona. Kama utavumilia, sijui mpaka avute mtu mwingine."

Mwalimu alitabasamu. Alimwambia kwamba kumbe jibu analo tangu zamani. Mjuzi si mwizi wala mjinga. Ni fundi aliyeshona nguo, akaificha, akakataa isivutwe na mtu. Aliyekuja kuivuta wa kwanza alikuwa mpishi, na nguo ikapasuka ikiwa tayari mwilini mwa mwenyewe.

Kisha akawaeleza. Kugeuza ujumbe uwe kitu kisichosomeka huitwa kusimba. Kila namna ya kusimba ina kanuni yake, hatua moja baada ya nyingine, na wataalamu huiita algorithimu. Lakini kanuni peke yake haitoshi. Panahitajika na ufunguo, namba ndefu ya siri ambayo kila simu hujitengenezea.

"Tazama kitasa cha mlango wako," alisema. "Mafundi wa vitasa wote wanajua ndani mwake kuna nini. Je, wanaingia kwako?"

"Hawana ufunguo wangu," Fundi alisema.

"Ehe. Kitasa kizuri hakitegemei fundi wa vitasa awe mjinga. Kinategemea ufunguo uwe wako. Siri yote iwe kwenye ufunguo. Kanuni iachwe wazi, kila mtu aione."

Fundi alikunja uso. Aliona ajabu. Kanuni ikiwa wazi, si unampa mwizi ramani? Mwalimu alisema swali hilo ni zuri, na yeye mwenyewe lilimgharimu aibu kubwa. Mama mkwe alisogeza kiti. Palipo na aibu ya mtu msomi, hakutaka kupitwa.

Mwalimu alisimulia kwamba alipokuwa chuoni, taasisi moja ya viwango ilitangaza inataka kanuni mpya ya kusimba, itakayotumiwa na watu wengi. Taasisi haikujifungia chumbani kuchagua. Iliita mtu yeyote, wa nchi yoyote, alete kanuni yake. Masharti yalikuwa kuieleza yote, hadi namba ya mwisho, na kusema kwa nini kila namba imewekwa. Namba isiyojulikana ilikotoka inaweza kuwa mlango wa nyuma, yaani njia ya mtu mmoja kuingilia kwa siri. Baada ya hapo wataalamu wa kila mahali waliambiwa: haya, vuteni.

"Wakavuta?" mama mkwe aliuliza.

"Miaka, mama. Kila mshindani alivuta kazi ya mwenzake kwa hamu, kama wewe na sare hizi. Aliyepata pa kupasua alitangaza mbele ya wote."

Yeye na wenzake wawili walipeleka kanuni yao. Waliitunga kwa muda mrefu, na aliiona nzuri kama mtoto wake. Siku moja mwanafunzi wa nchi nyingine, hata jina lake hawajawahi kulisikia, alisimama mkutanoni akaipasua mbele ya watu. Mwalimu alirudi nyumbani akalala na viatu. Mama mkwe alicheka mpaka akaomba radhi. Mwalimu naye alicheka.

"Nililia," alisema. "Kisha nikamwandikia yule mwanafunzi kumshukuru. Fikiria kama asingeipasua yeye. Ingechaguliwa. Leo majibu ya wagonjwa yangekuwa yanapita humo, na aliyeipasua angekuwa mwizi, naye asingetangaza."

Mwalimu aliendelea taratibu. Kanuni nyingi zilipasuka zikaondoka. Zilizobaki zilipimwa tena, kama zinafanya kazi haraka hata kwenye simu ndogo. Mwisho ikachaguliwa moja ikawa kiwango, na maelezo yake yamechapishwa, mtu yeyote anaweza kuyasoma. Kwa kuwa ni kiwango, simu ya aina hii na simu ya aina ile zinaelewana.

Mama mkwe aliuliza swali la mtu aliyekula chumvi nyingi. Hao wa taasisi nao ni watu. Nani anawachunga? Mwalimu aliinua mikono. Alisema hawaaminiwi kwa sababu ni wakubwa. Wanaaminiwa kadiri kazi yao inavyoonekana. Imewahi kutokea kiwango kikashukiwa kwa sababu namba zake hazikuelezwa vizuri zilikotoka. Wataalamu walipiga kelele, na baadaye kikaondolewa. Hata kiwango kizuri huzeeka. Kimoja cha zamani kilistaafishwa kwa sababu ufunguo wake ulikuwa mfupi, na kompyuta zilikuwa zimepata kasi ya kujaribu funguo zote. Sasa hivi wataalamu wanaandaa kanuni nyingine mpya, wakizifikiria kompyuta za kesho.

"Kwa hiyo hakuna anayesema haipasuki milele," Fundi alisema.

"Anayesema hivyo mkimbie. Mimi nitakwambia hivi tu: imevutwa na wengi, kwa muda mrefu, mbele ya watu, na bado wanaivuta leo. Mshono wa namna hiyo ndio wa kumvika mtoto."

Neno mtoto lilimfika Fundi. Alishika tumbo lake wazi, mbele yao, bila kujificha.

Aliuliza kama njia ya kliniki ni ya namna hiyo. Mwalimu hakukisia. Alimpigia nesi, akauliza, akarudi na jibu. Ujumbe wa kliniki unasimbwa kwa viwango vilivyo wazi, unafungwa kwenye simu ya nesi na kufunguliwa kwenye simu ya Fundi tu. Njiani hauwezi kusomwa, hata na wenye programu yenyewe. Kisha Mwalimu aliitazama simu ya Fundi, akaguna. Haikuwa na namba ya siri ya kuifungua. Masasisho, yaani marekebisho ya programu zake, hayakuwa yamewekwa tangu inunuliwe. Ujumbe ukiingia ulijianika kwenye kioo, hata simu ikiwa mezani mbele ya wateja.

"Kitasa kikiwa kizuri, mwizi huja dirishani," alisema. "Na kama anayepokea ujumbe ataenda kuusimulia, hakuna kanuni duniani itakayomfunga mdomo."

Walirekebisha yote palepale, wakaiweka programu ya kliniki, na Fundi akamruhusu nesi amtumie majibu humo. Fundi mwenyewe alibonyeza, Mwalimu akaelekeza kwa maneno. Mama mkwe aligeuza uso ukutani Fundi alipoweka namba yake ya siri, na aliugeuza kwa madaha ili aonekane.

Akabaki Ngazi. Programu ile inayotumiwa na kliniki haikufaa kwenye simu ya kambi, mali ya wote. Ilimfaa awe nayo kwenye simu yake mwenyewe, na simu yake haikupata mtandao. Fundi alimpigia kibandani kumweleza, na ilikuwa mara ya kwanza kuongea naye kwa sauti laini tangu mambo yaharibike. Ngazi alifikiri kidogo. Kisha akasema kule juu, kwenye chumba cha kreni, huenda upepo wa mtandao unafika. Hajawahi kujaribu kwa sababu ni marufuku kupanda na simu wakati wa kazi. Aliomba ruhusa ya msimamizi kwa saa ya mapumziko. Akapanda. Mtandao ulikuwepo, akaiweka programu.

Programu iliwaonyesha namba ndefu. Mwalimu alisema walinganishe namba hizo kwa sauti. Zikilingana kwenye simu zote mbili, hakuna mtu aliyejipenyeza katikati yao. Basi Ngazi akasoma kutoka angani na Fundi akafuatisha kwa kidole. Zililingana zote. Kazi hiyo ni ya dakika moja. Wao waliifanya ikawa ndefu, kwa sababu kila baada ya namba chache mmoja alinyamaza ili amsikie mwenzake akipumua.

"Nisamehe," Ngazi alisema. "Niliamini kitu kwa sababu kimefichwa."

"Na mimi nilikushuku wewe kwa sababu hukuwa karibu," Fundi alisema. "Soma tena zile za mwisho."

Siku ya tatu yake, Fundi akiwa anapinda mapazia ya Mwalimu, simu ilitikisika. Kioo kilisema tu kuna ujumbe. Alifungua. Nesi aliandika kwamba majibu si mazuri. Ni dalili za mwanzo za kifafa cha mimba, ugonjwa unaoweza kumuua mama na mtoto usipotibiwa. Aje leo, asisubiri kesho, na aje na mtu.

Aliisukuma simu mkononi mwa mama mkwe. Hakuna aliyemlazimisha, alichagua mwenyewe wa kumwonyesha. Mama mkwe alisoma, akaifunika cherehani, akachukua khanga mbili na mkono wa mkwe wake.

Hospitali walimlaza. Alipewa dawa za kushusha shinikizo, akapimwa asubuhi na jioni. Daktari alisema amewahi, na angesubiri ule mwezi wake, wangekuwa wanaongea mengine. Fundi alimwandikia mume wake hayo yote, bila kupunguza. Ngazi alipanda kreni kila mapumziko kusoma. Kule mtaani watu walijua tu kwamba Fundi amesafiri kidogo. Muuza mkaa, ambaye alikuwa na haya, aliwajibu waliouliza kwamba yeye hajui na hataki kujua.

Huku kambini Mjuzi alinuna kwanza. Halafu alimfuata mpishi jikoni, akaokota kisu, akamenya naye viazi, akaomba aonyeshwe pale kufuli lilipopasukia. Tangu hapo kila anachotunga humpa mpishi kwanza.

Mimba ilipofika mwezi wa nane, Fundi alikuwa bado wodini, amekaa kitandani na sindano na uzi. Mama mkwe alimletea kitambaa laini, na kutoka sanduku la bati akamletea kipande cha nguo ya zamani. Fundi alikitazama muda mrefu. Kisha akashona, kwa mkono, shati dogo la kutosha kiganja. Alipomaliza aliliweka mapajani mwa mama mkwe, kama kawaida yao. Mama mkwe alilishika, akasita, macho yakamjaa machozi.

"Vuta, mama," Fundi alisema. "Vuta kama unavyovuta za wengine."

Akakaza meno, akavuta kwa nguvu zake zote. Shati lilivumilia.

Mtoto alizaliwa mapema, mdogo, msichana, mwenye sauti iliyozidi mwili wake. Alilia mpaka nesi akacheka. Mama mkwe alimpokea akamvika lile shati. Fundi, jasho halijamkauka, aliomba simu yake. Aliingiza namba yake ya siri, akamwandikia mume wake kabla hajamwambia mtu mwingine yeyote. Mbali kule, juu ya mto, mtu mrefu alikaa ndani ya chumba kidogo cha kioo, akafungua ujumbe huo, akaufunika uso wake kwa mikono miwili.

Tumekusimulia mengi ya watu hawa, hata waliyoyaficha. Lakini Fundi alichoandika siku ile hatukijui. Kilifungwa kwake, kikafunguliwa kwa Ngazi, na hapo katikati hapakuwa na mtu.